Mtoto Hasomi Peke Yake

Kila ifikapo Oktoba, barabara za vumbi za Tandahimba, Newala na Mtwara Vijijini hujaa baiskeli na bodaboda zilizobeba magunia ya korosho. Mzigo unafika kwenye ghala la chama cha msingi, unapimwa, unapangiwa daraja, na mkulima anakabidhiwa karatasi. Ndani ya karatasi hiyo kuna kazi yake ya mwaka mzima: kupalilia, kupuliza salfa, kuokota, kukausha. Ina jina lake, kilo zake na daraja la korosho zake. Baada ya mnada hufuata hesabu ya bei na makato: ya halmashauri, ya chama cha msingi, ya chama kikuu, ya ghala na usafirishaji. Anayejua kuisoma huuliza maswali. Asiyejua hupokea anachopewa.

Mfumo huo wa stakabadhi ghalani ulianza kutumika kwenye korosho mkoani Mtwara msimu wa 2007/2008, kwa nguvu ya Sheria ya Stakabadhi za Ghala ya mwaka 2005. Ulikuja kumnusuru mkulima na kangomba. Mnunuzi wa kangomba hupita kijijini kabla ya msimu, akamkuta mtu ana mgonjwa au ameishiwa unga, akampa fedha kidogo. Korosho zikianguka, anajilipa kwa kipimo chake na kwa bei yake. Dawa ya dhuluma hiyo ni nzuri, ila ni dawa ya maandishi. Ndiyo maana katika nyumba nyingi za Kusini mwa Tanzania karatasi ya ghala husomwa na mtoto wa darasa la sita, bibi na babu wakiwa wamekaa pembeni wanamsikiliza.

Mjadala wa elimu na mabadiliko ya jamii ungefaa uanzie hapo, kwenye nyumba ya huyo mtoto. Imezoeleka kuipima elimu kwa idadi ya madarasa, madawati na ufaulu wa mitihani, na kwa vipimo hivyo Mtwara na Lindi zimelaumiwa kwa miaka mingi: wazazi hawaithamini shule, watoto ni watoro, mabinti wanaachishwa masomo. Lawama hizo zina ukweli ndani yake. Kosa lake ni kumtazama mtoto peke yake, wakati historia ya Kusini inaonyesha kwamba mambo yalikwenda mbele zaidi pale watu wazima nao walipokaa darasani.

Mwalimu Nyerere aliutangaza mwaka 1970 kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Hoja yake ilikuwa nyepesi kueleweka na nzito kwa maana: watoto wangechukua miaka kuanza kuijenga nchi, wazazi wao walikuwa wanaijenga siku hiyohiyo. Madarasa ya kisomo yakafunguliwa chini ya miembe, kwenye ofisi za TANU, misikitini na makanisani. Aliyejua alimfundisha asiyejua, hata kama mwalimu mwenyewe aliishia darasa la saba. Mwaka 1967 zaidi ya theluthi mbili ya Watanzania wazima hawakujua kusoma wala kuandika. Kufikia mwaka 1986 serikali ilihesabu kwamba waliobaki gizani ni chini ya asilimia 10.

Na kisomo hakikuishia kwenye herufi. Mwaka 1973 ilikuja kampeni ya Mtu ni Afya. Watu wapatao milioni mbili walikusanyika katika vikundi nchi nzima, wakasikiliza redio, wakasoma kijitabu, wakajadiliana, kisha wakaenda kuchimba vyoo na kufyeka vichaka. Mtu aliyekuwa ameanza kuunganisha silabi wiki chache kabla alijikuta anatumia kusoma kwake kuilinda nyumba yake dhidi ya kuhara na malaria. Utaratibu ule ulimheshimu mtu mzima. Ulimchukulia kuwa ana akili, ana uzoefu, na ana neno la kusema mbele ya wenzake. Kwa mzee wa Mikindani au Msimbati, aliyezoea kuhutubiwa na kila mgeni kutoka bomani, heshima hiyo pekee ilikuwa mapinduzi.

Kisha uchumi ukaanguka. Miaka ya 1980 madaftari yakawa adimu, vijarida vya wanakisomo vikakosa wa kuvichapisha, walimu wakahangaikia mishahara yao. Sensa ya mwaka 2012 ilikuta waliojua kusoma na kuandika miongoni mwa wenye umri wa miaka 15 na zaidi ni takriban asilimia 78. Takwimu za vipindi hivyo viwili hazikukusanywa kwa njia moja, kwa hiyo zisilinganishwe kwa ukali. Hata hivyo zinatosha kuonyesha kwamba kizazi cha wanakisomo hakikupata warithi.

Kusini kulikuwa na mzigo wa ziada: umbali. Mpaka Daraja la Mkapa lilipofunguliwa mwaka 2003, aliyetoka Dar es Salaam alivuka Mto Rufiji kwa kivuko, na masika yakikolea barabara ilifungwa kwa wiki nyingi. Mwalimu aliyepangiwa Newala au Nanyumbu aliiona barua yake kama adhabu, na wengi hawakuripoti. Benjamin Mkapa, ambaye daraja limepewa jina lake, aliyajua hayo tangu utotoni. Alizaliwa Lupaso, Masasi, mwaka 1938, akapita Ndanda kwa Wabenediktini, Kigonsera na Pugu hadi Makerere. Akiwa rais, ada ya shule za msingi ilifutwa, na Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi, maarufu kama MMEM, ulipoanza mwaka 2002 wanafunzi walifurika. Kutoka milioni 4.4 hivi mwaka 2000, walifika milioni 7.5 mwaka 2005. Mwaka 2016 ada ikaondolewa hadi kidato cha nne. Hayo ni mafanikio makubwa, na anayeyabeza hajamwona mzazi akimrudisha mwanawe nyumbani kwa kukosa shilingi chache. Ila yote yalimlenga mtoto.

Mtoto huyo, akitoka darasani, anarudi kwenye ua wenye shule nyingine. Kwa Wamakonde, Wayao, Wamakua na Wamwera, jando na unyago ndiyo elimu ya kwanza, yenye walimu wake, mitaala yake na mahafali yake. Fedha za korosho ndizo zinazolipia ngoma, nguo mpya za wali, yaani watoto wanaochezwa, na pilau la wageni. Sherehe zikigongana na muhula, darasa hubaki na nafasi wazi, na wapo watoto wasiorudi tena. Zaidi ya hapo, binti wa miaka 11 aliyechezwa unyago anaweza kuambiwa amekuwa mtu mzima, naye akaamini.

Kupiga marufuku kumejaribiwa, na hakukuzaa kitu zaidi ya kuzihamishia ngoma porini. Njia yenye busara zaidi ilionekana Masasi zaidi ya miaka 100 iliyopita. Vincent Lucas, aliyekuja kuwa askofu wa kwanza wa Anglikana wa Masasi mwaka 1926, alikaa na mapadri wa Kiafrika na wazee wakalitengeneza upya jando: kambi ikabaki, mafunzo ya utu yakabaki, yaliyopingana na imani yakatolewa. Lucas alikuwa mtu wa zama za ukoloni, na mengi aliyoyafikiri kuhusu Waafrika hayakubaliki leo. Jambo moja alilipatia: huwezi kuibadilisha elimu ya watu bila kuwaketisha mezani wanaoifundisha. Viongozi wa Mtwara wamekuwa wakiagiza jando na unyago zifanyike wakati wa likizo, na maeneo mengi yamefuata. Hatua inayobaki ni kukubaliana juu ya umri wa wali na maneno anayoambiwa. Kungwi anayemweleza binti kwamba mwili wake umekua ila masomo yake bado, atasikilizwa kuliko bango lolote la ukutani.

Sheria nayo inasitasita. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inaruhusu msichana aolewe akiwa na miaka 15 kwa ridhaa ya mzazi. Mwanaharakati Rebeca Gyumi aliipinga ruhusa hiyo mahakamani, akashinda Mahakama Kuu mwaka 2016, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono mwaka 2019. Novemba 2021 serikali ikaruhusu wanafunzi waliojifungua warudi kwenye shule za kawaida. Mlango umefunguliwa, lakini anayeamua kama binti atapita ni mama yake, kwa maana ndiye atakayebaki na mtoto mchanga. Mama aliyeachishwa masomo darasa la nne anaweza kuwa mtetezi mkuu wa binti huyo au kizuizi chake, na tofauti mara nyingi iko kwenye kile alichopata kujifunza ukubwani.

Baharini somo ni lilelile. Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma ilianzishwa mwaka 2000, ikichukua kilomita za mraba zipatazo 650 za miamba, mikoko na visiwa. Doria za boti zilifukuzana na wavuvi wa baruti kwa miaka. Kijana wa shule aliyefundishwa kwamba mwamba wa matumbawe ni nyumba ya samaki hana ubavu wa kumkemea mjomba wake anayerusha baruti. Nahodha wa kijiji anao, na ni yeye anayehitaji kuketishwa na kuelezwa mwamba uliovunjwa unachukua miaka mingapi kupona.

Kuhusu gesi asilia ya Mtwara, machungu ni ya karibu zaidi. Mwaka 2013 Mtwara iliwaka kwa vurugu za kupinga bomba la gesi la kwenda Dar es Salaam, na watu walipoteza maisha. Chini ya kilio cha rasilimali kulikuwa na swali la vijana: kazi zitakwenda kwa nani? Kozi za ufundi katika chuo cha VETA Mtwara, zilizosaidiwa na makampuni ya gesi, ziliwapa baadhi yao jibu. Wengi waliishia kidato cha nne katika shule ya kata isiyo na maabara, kisha wakapanda basi kwenda kuuza bidhaa mkononi jijini. Ng'ambo ya Ruvuma, Cabo Delgado nchini Msumbiji, vita vilivyoanza mwaka 2017 vimewavuta vijana waliokosa shule na kazi, na Oktoba 2020 vilivuka mto hadi kijiji cha Kitaya. Kijana asiyejua kesho yake, anayejiona ametupwa na watu wazima wake, hashindwi kupata wa kumchukua.

Vifaa vya kuyarudisha madarasa ya watu wazima vipo. Katika vijiji vingi wanawake wana vikundi vya hisa, vyenye sanduku la kufuli tatu na daftari la michango. Mara nyingi daftari linashikwa na mmoja anayejua kuandika, wengine wanahesabu kwa kukumbuka. Taasisi ya Elimu ya Watu Wazima ipo kisheria tangu mwaka 1975. Mtwara mjini kuna vyuo vya ualimu, na wanachuo wake wanahitaji mahali pa mazoezi. Maghala ya vyama vya msingi hayana korosho sehemu kubwa ya mwaka, yana paa, yana mizani, na kila mkulima anaijua njia ya kufika. Kitabu cha kwanza cha kufundishia kiwe ile karatasi ya ghala yenyewe na hesabu inayoifuata, mstari kwa mstari, kuanzia jina la mkulima hadi kato la mwisho, na darasa lianze Machi, msimu ukiwa umeisha na jembe la palizi bado halijaita.