Sauti Inapopata Uzito

Katika Kiswahili, neno ni kile kitokacho mdomoni, na neno pia ni jambo lenyewe. Mgeni akimwaga chai na kuomba radhi tunamjibu "si neno". Jirani akibisha hodi usiku wa manane tunamwuliza, "Kuna neno?" Na huku Pwani aya huandikwa kwa zafarani juu ya sahani nyeupe, kisha maandishi yakaoshwa, mgonjwa akapewa kombe anywe. Kilichokuwa kisomo kinashuka kooni.

Kwa hiyo ndoto ya elimu igeuzayo sauti kuwa kitu, ukisema "mkate" mkate uwe mezani, si ngeni kwetu. Fizikia inaikataa. Sauti ni mtikisiko, basi. Mwaka 1787 Mjerumani Ernst Chladni alieleza jinsi mchanga ulionyunyizwa juu ya bamba unavyojikusanya na kuchora mistari na nyota pale ukingo wa bamba unaposuguliwa kwa upinde wa fidla. Hakuna hata chembe moja ya mchanga iliyoongezeka. Sauti haiumbi, hupanga kilichopo. Lakini binadamu naye ni katika vilivyopo, na hapo ndipo fikra zangu hurudi Mohoro.

Mohoro, kwenye delta ya Rufiji, palikuwa na boma la Wajerumani. Hapo ndipo Kinjikitile Ngwale, mganga wa Ngarambe, aliponyongwa tarehe 4 Agosti 1905. Alikuwa amewapa watu dawa ya maji, mafuta ya nyonyo na mtama, pamoja na ahadi kwamba risasi za Mjerumani zitageuka maji. Dawa yenyewe ilikuwa kidogo. Mtu aliibeba kwenye kibuyu. Kilichosafiri mbali ni neno. Umatumbini mnong'ono ule uliopita sikio kwa sikio uliitwa njwiywila. Mwishoni mwa Julai watu waling'oa pamba Nandete, na vita vikaanza.

Tazama kilichotokea kwa silabi mbili tu: maji. Mmatumbi, Mngindo, Mpogoro na Mngoni, ambao kila mmoja alikuwa na lugha yake na wengine walikuwa na visasi vya zamani, waliingia vitani kwa neno moja. Shina la pamba ni kitu, na liling'oka. Boma ni kitu, na liliungua. Ukiniuliza kama sauti ile iligeuka kuwa maada, nitajibu ndiyo, kwa njia pekee ninayoijua: ilipita kwenye masikio, ikafika kwenye mikono.

Wajerumani nao walikuwa na sauti zao. Akida wao alitamka "pamba" na shamba likatokea, likiwa limelimwa kwa mgongo wa mtu ambaye mihogo yake mwenyewe ilikuwa inasongwa na magugu. Hatuiiti hiyo uchawi kwa kuwa ilikuwa na kiboko nyuma yake. Mimi naona ni elimu ileile, na tena ya kikatili zaidi, maana neno la Kinjikitile watu walilifuata wenyewe kwa miguu yao hadi Ngarambe.

Risasi, hata hivyo, haina masikio. Tarehe 30 Agosti 1905 maelfu walilikabili boma la Mahenge, na bombomu zikawafyeka. Risasi haikugeuka maji. Baadaye jeshi lilichoma mashamba na maghala, njaa ikaua wengi kuliko bunduki. Wapo wanahistoria wanaokadiria waliokufa kuwa kati ya 250,000 na 300,000.

Je, Kinjikitile alidanganya? Nimelibeba swali hili miaka mingi, na sipendi majibu mepesi ya pande zote mbili. Wako wanaotaka kulipasua neno: nusu ya umoja tuitukuze, nusu ya risasi tuifunike. Halipasuki. Bila ahadi ya risasi, nani angethubutu kumgusa akida? Ujasiri ule wa kweli ulitoka katika ahadi isiyo ya kweli, na wafu pia walitoka humo. Ebrahim Hussein, katika tamthilia yake Kinjeketile ya mwaka 1969, anamweka shujaa wake mbele ya kifo akitakiwa aseme maji yalikuwa uongo, naye anakataa. Namwelewa. Lakini namfikiria pia mama wa Kingoni aliyekula mizizi porini mwaka 1907, ambaye hakuwahi kumwona mtu wa Ngarambe. Naye alikuwa na haki ya kuuliza.

Waliomnyonga walidhani neno hukaa kinywani mwa msemaji. Vita viliendelea hadi mwaka 1907, mdomo uliovianzisha ukiwa umekwisha kufukiwa Mohoro.

Aprili 2024 mto Rufiji ulifurika, ukaingia majumbani na mashambani, Mohoro ikiwemo. Penye mto kama huo, mtu mmoja akipaza sauti gizani, "Maji!", hakuna anayengoja kulowa ndipo aamini. Mama anamfunga mtoto mgongoni, baba anatafuta kamba ya mtumbwi, na gunia la mpunga linapandishwa darini kabla tone la kwanza halijagusa kizingiti.