Shauri na Mwenye Kuliomba

Wahenga walisema kwamba penye wazee haliharibiki neno. Lakini je, neno la mzee aliyechaguliwa ashauri tu, wala asiamue, lina thamani gani?

Kwa sheria ya mwaka 1924, serikali ya kikoloni iliunda Mabaraza ya Wenyeji katika wilaya za Kenya. Baadhi ya wajumbe walichaguliwa na watu wao, wengine wakateuliwa. Lakini Mkuu wa Wilaya, Mzungu, ndiye aliyekalia kiti, na maazimio yao hayakuwa na nguvu mpaka serikali iyakubali. Wapo wasemao kwamba uchaguzi wa namna hiyo ulikuwa kiini macho, na kwamba ingefaa kuususia.

Na tutazame yaliyotokea Kavirondo ya Kaskazini. Sheria ya ardhi ya mwaka 1930 iliahidi kwamba ardhi ya wenyeji ikitwaliwa, watapewa nyingine ya kadiri ile ile, na Baraza lao litashauriwa kwanza. Mwaka 1931 dhahabu ikavumbuliwa Kakamega. Kabla ya mwaka 1932 kwisha, sheria ilikuwa imekwisha kugeuzwa: fidia ya fedha ilitosha, na Baraza halikulazimu kuulizwa.

Lakini kama neno la wajumbe wale lilikuwa upepo mtupu, kwa nini ilihitajika sheria mpya ili lisisikiwe? Mtu haondoi njiani kitu kisichomzuia.

Sisi twaona kwamba amwombaye mwenziwe shauri amejifunga. Si lazima alifuate, lakini ni lazima alisikie, na akilikataa atoe sababu. Aombaye shauri hali amekwisha kukata neno humfanya mwenziwe pambo la kikao. Kosa hilo ni la mtawala, wala si la wananchi waliopeleka watu wao barazani. Mshauri naye ana deni lake: akinyamaza kwa kuwa neno lake halitafuatwa, ameufanya unyonge wake kuwa hiari.

Leo mabaraza ni yetu wenyewe, na kitini hakai mgeni. Hata hivyo, hatari ile ile hurudi kila mkutano uitwapo baada ya uamuzi kupitishwa. Basi tupigapo kura, tusimwulize mgombea atatuletea nini tu. Tumwulize pia atasema nini siku ile ambayo wenye nguvu hawataki kusikia.