Ushindi Usiochezwa



Masuala yatujiayo katika darasa yetu aghalabu huwa ni ya ndoa, mirathi na deni. Hili tulijibulo leo halikutujia kwa barua, wala halikuulizwa msikitini. Tuliulizwa Dundori, usiku wa mvua, mbele ya jiko la makaa, nalo lahusu mchezo wa kriketi. Huenda baadhi yenu mkacheka mkasema, Shehe na kriketi wapi na wapi? Sisi wenyewe tulicheka kwanza.

Dundori ni mji mdogo ulioko juu ya Nakuru, katika njia itokayo Lanet kwenda Ol Kalou. Ni nchi ya viazi na kabichi, na baridi yake humfanya mtu wa Pwani ajute kutochukua koti la pili. Tulikwenda kumpa mkono wa taazia ndugu yetu mmoja mwenye duka huko. Baada ya chakula cha usiku akaja jirani yake kuota moto, mzee wa Kikuyu aliyekwisha pita miaka themanini. Katika ujana wake, zama za ukoloni, mzee huyu alikuwa mtumishi wa klabu moja ya Wazungu huko chini. Kazi yake ilikuwa kukata majani na kuvuta chuma kizito cha kusawazishia uwanja wa kriketi. Mchezo ule aliujua wote kwa kuutazama tu, maana kushika gongo hakuruhusiwa.

Yeye ndiye aliyetuuliza: "Shehe, ninyi mwahukumu mambo ya watu. Nihukumie hili. Mwaka 2003 Kenya ilifika nusu fainali ya Kombe la Dunia kwa pointi nne ambazo vijana wetu hawakuzicheza. Je, zilikuwa zetu, au tulikula cha watu?"

Kwanza na tueleze yaliyotukia, kwani kuhukumu kabla ya kupata habari ni dhulma. Mashindano yale yalifanyika Afrika Kusini, na michezo michache ikapewa Zimbabwe na Kenya. Nairobi ilipata miwili tu: mmoja na New Zealand tarehe 21 Februari, na wa pili na Sri Lanka tarehe 24. New Zealand wakakataa kuja, wakasema wauhofia usalama wao. Waliomba mchezo uhamishiwe Afrika Kusini, na wakuu wa kriketi ya dunia hawakukubali. Siku ikafika, ikapita, na mpira haukutupwa. Kwa kanuni ya mashindano asiyefika amekwisha shindwa, basi Kenya wakaandikiwa pointi 4.

Sasa tazameni hesabu. Kundi lile lilipomaliza michezo yake, Sri Lanka walikuwa na pointi 18, Kenya 16, na New Zealand 16. West Indies na Afrika Kusini walikuwa na 14 kila mmoja. Waliovuka ni watatu wa mwanzo tu. Toeni zile 4, Kenya wanabaki na 12, na safari yao yaishia pale pale. Wala si hayo tu, bali pointi zile zilifuatana nao katika duru ya pili, wakaongeza juu yake ushindi walioupata kwa Zimbabwe, na hivyo ndivyo walivyofika Durban tarehe 20 Machi kucheza nusu fainali na India, wakashindwa kwa mikimbio 91. Kwa hivyo mzee wetu hakuwa akitafuta neno la kupitishia usiku. Aliishika roho ya jambo.

Jawabu letu la haraka lilikuwa jepesi. Tulimwambia: mtu akiitwa mbele ya kadhi, akapewa siku na saa, naye asifike wala asitume wakili, hukumu hukatwa, na mwenye kufika hupewa haki yake. New Zealand waliitwa, waliijua siku, na waliijua hasara ya kutofika. Hapana aliyewaibia.

Mzee akachochea makaa. "Ng'ombe ni wangu, sawa," akasema. "Lakini nikiwaambia wanangu kuwa nilimshinda yule mtu kwa hoja, nimesema kweli?"

Hapo ndipo tulipoona kuwa suala lake lina matumbo mawili. Moja ni la kanuni, na hilo tumekwisha lijibu. La pili ni la insafu, yaani mtu kumpa mwenziwe haki yake hata pale ambapo hapana mwamuzi wa kumlazimisha, na hata kama mwenziwe yuko mbali asikoweza kujisemea. Kwa njia ya insafu, basi, yatupasa tuanze kwa kumsemea aliyekosekana.

Sisi watu wa Pwani hatuwezi kuipita habari hii mbio. Tarehe 28 Novemba 2002, hata miezi mitatu haijatimia kabla ya mchezo ule, hoteli ya Kikambala ililipuliwa. Waliuawa watu 13 mbali na wale walioleta mauti: Wakenya 10 na Waisraeli 3. Miongoni mwa Wakenya walikuwamo wachezaji ngoma waliotoka kuwalaki wageni. Walikuwa jirani zetu. Na tangu siku ile sote twakumbuka jinsi tulivyotazamwa, hata mtu akipanda basi na kanzu yake abiria humgeukia. Tulifiwa, na papo hapo tukashukiwa. Basi tuliposikia kuwa New Zealand hawaji, wengi wetu tuliona kuwa ni lile lile tena, kwamba tumetiwa sote katika kapu moja na wauaji, na nchi nzima ikatiwa pamoja nasi. Kikambala iko mbali na Nairobi kwa zaidi ya kilomita 450, lakini khofu haina ramani.

Hayo ni maumivu yetu, na ni ya kweli. Walakini mzee hakujua, na huenda wengi wenu hamkujua, kuwa wachezaji wa New Zealand walikuwa Karachi tarehe 8 Mei 2002, asubuhi ambapo bomu liliripuka nje karibu na hoteli waliyokaa, likaua watu zaidi ya kumi, wengi wao mafundi Wafaransa. Wakaikata safari yao wakarudi kwao. Mtu aliyeyaona hayo kwa macho yake, kisha baada ya miezi tisa akaambiwa aende nchi nyingine ambako hoteli imelipuliwa, akisema siendi, twaweza kumwita mwoga? Sisi hatuthubutu. Kuihifadhi roho ni jambo kubwa, na wao walikubali kuilipia khofu yao kwa pointi 4. Hawakudanganya wala hawakuficha sababu. Mzee alinyamaza kitambo, akasema: "Hilo la Karachi sikuambiwa." Twaona ni aibu kidogo kwamba sisi sote tulilipiza kwa maneno miaka mingi bila ya kuuliza.

Ama Sri Lanka walikuja. Siku tatu tu baadaye, katika mji ule ule, uwanja ule ule wa Gymkhana, mbele ya watu wale wale walioogopwa, walikuja wakacheza, nao walishindwa kwa mikimbio 53! Kenya walipata 210, na Sri Lanka wakaishia 157, Collins Obuya akiwatoa watano peke yake. Ushindi ule hapana awezaye kuutia doa. Na sisi twadhani heshima ya siku ile haikuwa ya Kenya pekee. Nusu yake ni ya yule aliyekuja kushindwa, ambaye lau angekaa kwake akatoa udhuru, ulimwengu ungalimwelewa.

Hatusemi kuwa twazijua nyoyo zao. Lakini Sri Lanka walikwisha onja uchungu wa kuepukwa. Tarehe 31 Januari 1996 bomu kubwa liliripuka katika Benki Kuu ya Colombo, siku chache kabla ya Kombe la Dunia la mwaka ule, na Australia na West Indies wakakataa kwenda kucheza huko. Sri Lanka nao walipewa pointi bila kucheza, kama sisi. Ndipo India na Pakistan, mahasimu tuwajuao, walipounda timu moja ya pamoja, wakaenda Colombo mwezi wa Februari kucheza mchezo wa kirafiki, kuuonyesha ulimwengu kuwa mji ule waendeka. Na tarehe 17 Machi, mjini Lahore, Sri Lanka wakakutana na Australia wale wale katika fainali, wakawashinda na kutwaa kombe. Hapo hapana tena aliyeuliza habari ya pointi za bure. Kenya hawakuipata bahati hiyo ya kukutana uwanjani na aliyekosekana na kushinda, na ndiyo sababu suala la mzee li hai mpaka leo.

Huenda mtu akasema: ikiwa kanuni imetimizwa, insafu ya nini tena? Twamjibu kwa kisa ambacho walioonewa ni New Zealand hao hao. Tarehe 1 Februari 1981, mjini Melbourne, walikuwa wakicheza na Australia, na ukabaki mpira mmoja tu wa mwisho. New Zealand walihitaji mikimbio 6 ili watoke sare, na sita hupatikana kwa mpira mmoja ukipigwa ukavuka mpaka wa uwanja bila kugusa chini. Ni jambo gumu, lakini huwezekana. Nahodha wa Australia, Greg Chappell, akamwamuru nduguye Trevor asiutupe mpira kwa juu kama ada, bali auviringishe chini, mfano wa mtu asukumaye chungwa sakafuni. Mpira uendao hivyo haupigiki ukaruka. Mwamuzi aliarifiwa, na kanuni ya siku zile haikukataza. Australia wakashinda, na mawaziri wakuu wa nchi zote mbili wakaulaani ushindi ule, na baadaye kanuni ikabadilishwa.

Yapimeni mambo haya mawili. Chappell aliichukua kanuni akaifanya komeo, akamfungia mwenziwe mlango usoni. Kenya walifungua mlango wakakaa barazani wakingoja mgeni, na mgeni hakuja. Wote wawili walipata kwa kanuni. Lakini mmoja aliitumia ili mchezo usichezwe, na wa pili alitaka mchezo uchezwe. Kwa hivyo hukumu yetu tuliyompa mzee ni hii: zile pointi 4 zilikuwa halali yetu, hatukula cha mtu. Ila tusiziite ushindi. Mwenye kusema "tuliwashinda New Zealand mwaka 2003" ametoa ushahidi wa uongo, hata kama daftari la mashindano lamwandikia hivyo.

Na kama ni doa, Kenya ililipata baadaye kwa njia nyingine, na hilo hatukuletewa na mgeni. Maurice Odumbe ndiye aliyekuwa nahodha tarehe 29 Februari 1996 mjini Pune, Kenya ilipowashinda West Indies kwa mikimbio 73, naye ndiye aliyetuzwa kuwa mchezaji bora wa siku ile. Mwezi wa Agosti 2004 alifungiwa miaka mitano, baada ya jaji mstaafu aliyesikiliza kesi kuona kwamba alipokea fedha kutoka kwa mtu wa kamari. Mwenyewe alikanusha. Adhabu yake aliimaliza, akarudi mchezoni, na sisi hatutaki kumrushia mawe mtu aliyekwisha tumikia hukumu. Twataja tu kwa kuwa mzee, alipolitamka jina lile, sauti ilimbadilika kuliko alipoitaja New Zealand. Asiyefika uwanjani hujulikana hakufika. Lakini ikiingia shaka kuwa aliyefika ameuza, hata ushindi wa kweli wa jana hutazamwa upya, na huo ndio ubaya wa kamari katika mchezo: huwaibia hata wale walioshinda kwa jasho lao.

Tulidhani mazungumzo yamekwisha, kumbe mzee alikuwa na lake. Akasema: "Shehe, wewe wasema asiyefika amepoteza. Mimi nilivuta kile chuma miaka sita, na hakuna siku niliyoitwa kucheza. Wahindi walicheza kwao, Wazungu kwao. Mimi sikukosa kufika. Sikuitwa. Nani alinipa pointi? Basi zile nne mimi nilizihesabu kuwa ni malipo."

Neno hili lilituingia. Tulimkumbusha habari ya Basil D'Oliveira wa Cape Town, ambaye kwao hakuruhusiwa kucheza na Wazungu kwa ajili ya rangi yake. Mwaka 1958 aliongoza timu ya wasiokuwa Wazungu wa Afrika Kusini hadi hapa kwetu Afrika ya Mashariki, wakacheza nasi tulipokuwa tungali chini ya ukoloni. Kisha akahamia Uingereza, akaichezea, na mwaka 1968 alipochaguliwa kwenda na Waingereza Afrika Kusini, serikali ya huko ikamkataa, na safari nzima ikavunjika. Afrika Kusini wakatengwa kwa zaidi ya miaka ishirini. Huyo naye hakukosa kufika, alifungiwa mlango na nchi iliyomzaa.

Lakini malipo? Hapo tulimkatalia mzee, kwa adabu. Deni la mtu halilipwi kwa mfuko wa mwingine. Waliomvutisha chuma si vijana wa New Zealand wa mwaka 2003, na khofu ya mtu aliyetoka Karachi haiwezi kuwa fidia ya kiburi cha klabu ya Nakuru. Tukichukua kwa Zaidi tulichonyang'anywa na Amri, tutakuwa na wadai wawili badala ya mmoja.

Mzee hakukubali. Akauliza: "Basi nani atanilipa mimi?" Akangoja. Mwenyeji wetu akaongeza makaa, nasi hatukuwa na jawabu, na mpaka tulipoteremka Lanet asubuhi hatukulipata. Miongoni mwenu aliye nalo na atuletee darasani, nasi tutampelekea mzee wa Dundori panapo majaaliwa ya safari nyingine.