Mti una jina gani? Bankambo, sayansi na miche ya leo

Katika kurasa kama hizi tunazoea kuzungumza juu ya mambo ambayo bankambo walituachia. Leo tunataka kuuliza swali ambalo wao hawakuulizwa kwa maneno haya: je, mwanadamu ana haki ya kubadilisha mti? Hatusemi kuukata au kuupogoa. Tunasema kuingia katika uzazi wake, ili ukue upesi, uzae mapema ao ushinde ugonjwa.

Swali si la mbali. Pori la miombo linalozunguka Kolwezi linaisha kwa makala, kwa mashamba na kwa migodi. Lazima kupanda, na wataalamu wanasema tupande miche iliyoboreshwa. Hapo watu wanagawanyika. Wa kwanza wanasema: "Muti ni kazi ya Mungu, hatuwezi kucheza nayo," na wanaongeza kwamba mwacha asili ni mtumwa. Wa pili wanajibu: "Ile mambo ya bankambo ilishaisha, sasa ni sayansi." Sisi tunaona kwamba pande zote mbili hazijaiangalia mila vizuri.

Tuchukue muyombu. Kwa ndugu zetu Walunda-Ndembu, muyombu hupandwa kijijini kwa ajili ya marehemu, na mbele yake jamaa wanamwita, wanamwomba na kumpa heshima. Sasa, muyombu ule haupandwi kwa mbegu. Linakatwa tawi bichi, linasimikwa udongoni, linatoa mizizi. Kwa lugha ya biolojia, ile ni kloni: mti mpya una jeni zilezile za mti uliotoa tawi. Basi anayesema kwamba mila inakataza mkono wa mtu kuingia katika uzazi wa mti, amesahau mti ambao jamaa wanauheshimu sana.

Lakini mila haikuuacha mkono ule huru. Muyombu una jina: watu wanajua umepandwa kwa ajili ya nani. Tena si mali ya sokoni. Ni wa wote walioachwa na marehemu, pamoja na watoto ambao hawajazaliwa. Jina na urithi, njo sheria mbili. Tunapendekeza tuipime sayansi kwa sheria hizo, tusiipime kwa woga.

Tuanze na urithi. Mwaka 1941, Beirnaert na Vanderweyen, watafiti wa kituo cha INEAC huko Yangambi, walieleza siri ya mti wa ngazi. Kuna ngazi yenye kifuu kinene, dura, na isiyo na kifuu, pisifera, ambayo mara nyingi haizai vizuri. Ukizichanganya unapata tenera, yenye kifuu chembamba na mafuta mengi. Leo tenera imejaza mashamba makubwa ya Malaysia na Indonesia, na nchi yetu, ambako siri ile ilielezwa, inanunua mafuta ya ngazi kutoka ng'ambo. Tena tenera zikizaliana zenyewe, karibu robo ya watoto inarudi kuwa dura na robo inakuwa pisifera. Mkulima akitaka tenera tupu, lazima arudi kwa mwenye mbegu. Kosa si la mti. Maarifa yalizaliwa kwetu, lakini sisi hatukufanywa warithi.

Sasa jina. Huko Marekani, ugonjwa wa kuvu ulioonekana New York mwaka 1904 uliua miti ya chestinati kwa mabilioni. Wataalamu waliingiza jeni ya ngano ndani ya mti ule ili ustahimili. Hii imepita kazi ya tawi la muyombu; ni kuupa mti kitu ambacho wazazi wake hawakuwa nacho, na chavua inaweza kukipeleka mbali. Nia ilikuwa nzuri. Lakini mwaka 2023 iligunduliwa kwamba miti iliyokuwa ikijaribiwa kwa jina la Darling 58 kumbe ni Darling 54, na shirika la American Chestnut Foundation likaacha kuuunga mkono mradi huo. Watu wenye maabara na vyombo vyote walikuwa wamepoteza jina la mti.

Mfano mwema uko karibu zaidi. Masuku yetu, watu wanayaokota porini na kuyala bila kufikiri mti wake. Kumbe katika Malawi, Zambia na Zimbabwe, tangu miaka ya 1990, watafiti wa ICRAF waliwaomba wanakijiji wawaonyeshe miti yenye masuku makubwa na matamu. Vijiti vyake vikapandikizwa juu ya miche. Musuku wa mbegu unaweza kusubiriwa miaka 10 na zaidi. Uliopandikizwa unaanza kuzaa kwa miaka 3 ao 4. Tena musuku una dume na jike: anayepanda mbegu hajui atapata kipi, anayepandikiza anajua. Hapo sayansi ilianza kwa kumuuliza mwenye pori, na jina la mti mama lilitoka kinywani mwake.

Mtu atasema: mama anayetafuta makala ya kupika bukari hana muda wa filozofia. Ni kweli, na ekaliptusi inayokua upesi inaweza kumsaidia. Lakini kloni moja ikijaza kilima kizima, ugonjwa mmoja unatosha. Kuanzia miaka ya 2000, mdudu mdogo aitwaye Leptocybe invasa alishambulia ekaliptusi za Kenya na Uganda. Aina fulani ziliumia sana, nyingine kidogo. Aliyekuwa na aina moja tu hakuwa na pa kukimbilia.

Basi, mche ukiletwa kwetu, tusiulize kwanza kama ni wa kizungu ao wa kimila. Tuulize: mama yake ni mti gani, na nani anashika kumbukumbu? Watoto wetu wataweza kuuzalisha bila kununua upya kila mara? Utakuwa na ndugu wa aina nyingine kando yake? Sisi walimu tunaweza kuanza shuleni: kila mche uwekewe kibao chenye jina la mti mama, mahali ulikotoka na mwaka. Na mleta miche asiyeweza kujibu maswali haya, tumshukuru kwa heshima, arudi nayo, hata kama anaitoa bure.