Wino Ulifutika

Kuna wino wa mzaha unaouzwa katika maduka ya vichekesho huko Marekani. Ukiumwaga kwenye kitambaa, linatokea doa la kutisha. Ukishapigwa na hewa kwa muda, rangi inapotea na kitambaa kinabaki kama kilivyokuwa. Mzazi anayetafuta mzaha usio na madhara wa kumfanyia mtoto nyumbani angeweza kuanzia hapo.

Mwaka 2017, mume na mke wa jimbo la Maryland, wenye chaneli ya YouTube iliyoitwa DaddyOFive, waliumwaga wino huo kwenye zulia la chumba cha mtoto wao wa kiume. Kisha wakamwita. Mke, ambaye ni mama wa kambo wa mtoto huyo, akapaza sauti, baba naye akadakia, matusi juu ya matusi: umefanya nini hapa? Mtoto akasema si yeye. Akarudia, akalia. Kadiri alivyokana ndivyo walivyozidi kumkaripia, na kamera ikiendelea kunasa. Mwishowe wakacheka, wakamwambia ni mzaha tu.

Hebu jiweke mahali pa mtoto huyo. Alisema kweli, na kweli haikumsaidia. Watu wazima wawili wanaomlisha na kumlaza walimgeuka huku wakijua fika kwamba hana kosa. Kesho akiitwa tena kwa ukali, atajuaje kama ni hasira au ni mchezo? Na siku akiwa na shida ya kweli, atamweleza nani?

Chaneli hiyo ilikuwa na wafuatiliaji zaidi ya laki saba, na video zilizotazamwa sana ziliingiza pesa. Nionavyo mimi, hapo ndipo kila kitu kilipoharibika. Kilio cha mtoto kikishakuwa bidhaa, mzazi hana tena sababu ya kuacha; mzaha wa jana ukizoeleka, wa leo sharti uwe mkali zaidi. Mzaha mzaha, hutumbua usaha. Watazamaji walipowaka, wazazi walijitetea kwamba mengi yalikuwa maigizo, halafu wakaomba radhi. Haikutosha. Mwezi Mei mama mzazi wa mtoto huyo alikabidhiwa ulezi wa dharura wa watoto wake wawili, na Septemba mwaka huohuo mahakama iliwapa wanandoa hao adhabu ya miaka 5 chini ya uangalizi, kwa kosa la kutowajali watoto.

Wengi watasema, sisi hatuko huko. Lakini mwaka 2023 ulivuma TikTok mzaha wa yai: mzazi anamwalika mtoto jikoni wapike pamoja, mtoto amepewa mwiko, amejiona mpishi kamili, mara yai linapasuliwa kwenye paji la uso wake. Wapo watoto waliocheka. Wapo pia waliojishika kichwa, wakamtazama mama bila kuelewa wamekosa nini. Simu zetu zilizipokea video hizo kama za wengine wote.

Kipimo tunacho tangu zamani, nacho ni utani wa babu na mjukuu. Babu anamwambia binti wa miaka minne, "Mke wangu, leo hujanipikia?" Mtoto anajibu papo hapo, "Siolewi na kibogoyo mimi!" Nyumba nzima inaangua kicheko, na babu ndiye anayecheka kuliko wote. Mtoto ana jibu, na jibu lake linaruhusiwa kuuma. Anayetaka kutania bila kutaniwa ni mwonevu tu, hata awe babu. Yule wa Maryland angejibu nini? Angemtukana baba? Wa yai naye angefanya nini, na mwiko wake mkononi?

Kwa hiyo, ukitaka kucheka na wanao, usiku wakiwa wamelala shindilia karatasi kwenye ncha za viatu vyao vya shule. (Si siku ya mtihani, tafadhali.) Asubuhi mtoto atasukuma mguu, atavua, atavaa tena, atakutangazia kwamba miguu imekua usiku. Mwache ajivunie kidogo, kisha mtolee karatasi. Jioni usishangae chai yako ikiwa na chumvi badala ya sukari. Piga funda moja kubwa, na ukunje uso vizuri.