Mchezo Ulionakiliwa na Amri ya Saba

Mtu akiiba mbuzi wa jirani, zizi la jirani hubaki na pengo. Asubuhi mwenye mbuzi huikuta kamba imekatwa, huwaita watu, na hakuna mzee atakayeuliza kama jambo lile ni wizi ama si wizi. Penye zizi tupu amri ya saba ya Mungu hueleweka upesi. Lakini siku hizi viko vitu ambavyo mtu huvitwaa, na mwenyewe havimpungukii, tena hajui kwamba vimetwaliwa. Katika Annexe, ile komine ya Lubumbashi inayozizunguka komine nyingine sita za mji na kuingia mpaka mashambani, wako wakatekumeni wanaoviona vitu hivyo kila siku, na baadhi yao huishi kwavyo. Hao nao yawapasa kujua amri hiyo inawadai nini.

Na ufikiriwe mfano huu. Kijana mmoja akaa upande wa Kalebuka. Baba yake amekufa. Anaye mama auzaye mboga, na wadogo watatu wanaosoma. Katika chumba cha mbele cha nyumba yao amepanga mabenchi, televisheni mbili, na mashine mbili za michezo zinazoitwa PlayStation 2. Watoto na vijana huja kucheza humo mchezo wa mpira kwa picha, na kila mmoja hulipa faranga chache. Kwa faranga hizo wadogo wake husoma. Kijana huyo ajifunza dini, anatazamia kubatizwa usiku wa Pasaka. Siku moja mwalimu wa dini alipokuwa akieleza amri ya saba, kijana alisimama akasema: “Mwalimu, michezo yangu sikuinunua. Niliipata katika diski ya rafiki. Je, mimi ni mwizi? Na kama ni mwizi, nifunge chumba? Mama atakula nini?”

Ulizo hilo halifai kujibiwa kwa haraka. Kwanza yafaa kukijua kitu chenyewe.

Mashine ile ilianza kuuzwa huko Japani mwezi wa Machi mwaka 2000, na kiwanda kiliacha kuitengeneza karibu na mwanzo wa mwaka 2013, baada ya kuuza zaidi ya milioni 150 ulimwenguni. Ilifanywa isome diski bapa zinazong'aa, na kila mchezo ulinunuliwa katika diski yake. Lakini jicho la mwanga linalosoma diski huchoka kwa miaka, na vumbi jekundu la Katanga halina huruma. Diski nazo huchubuka mikononi mwa watoto. Basi mafundi walitafuta njia nyingine. Hutwaa kadi ndogo ya kumbukumbu, hutia ndani yake programu inayoiamsha mashine kwa namna ambayo kiwanda hakikuikusudia. Kisha huchomeka diski ya nje yenye michezo iliyonakiliwa kwa kompyuta. Kazi hiyo yataka uvumilivu. Diski ya nje iliyopangwa kwa namna ya zamani haikubali faili ifikayo gigabaiti 4, na kwa hiyo mchezo mkubwa hukatwa vipande kama ubao uliozidi mlango. Tena tundu la USB la mashine hiyo hupitisha habari polepole, hata picha za mwanzo wa mchezo hukwamakwama. Hata hivyo mchezo huchezeka, na diski moja iliyo ndogo kuliko kitabu cha sala hubeba michezo kwa makumi.

Hakuna dhambi katika chuma wala katika waya. Anayeifufua mashine iliyotupwa na matajiri hafanyi vibaya. Afadhali huyo kuliko yule anayetupa kila mwaka kilicho kizima. Ulizo ni moja tu: mchezo ulio ndani ya diski ya nje ulitoka wapi, nao ni wa nani?

Vijana wengi hujibu upesi: “Hakuna aliyepungukiwa. Rafiki yangu bado anao mchezo wake, kiwanda bado kina mchezo wake, nami ninao. Wizi uko wapi?” Neno hilo lina sura ya kweli, lakini halitoshi. Mchezo kama ule si jiwe lililookotwa njiani. Watu wengi walikaa miezi mingi wakiutengeneza: wengine walichora, wengine walitunga muziki, wengine waliandika hesabu zinazomfanya mchezaji akimbie na mpira uruke. Watu hao hula kwa kazi hiyo. Yezu Kristu alipowatuma wafuasi wake alisema kwamba mfanyakazi astahili ujira wake, na Mtume Yakobo aliwaonya matajiri kwamba mshahara wa wavunaji uliozuiwa hupiga kelele, na Mungu huisikia. Hakusema kwamba kelele husikika pale tu mundu wa mvunaji ulipoibwa. Mundu waweza kubaki mkononi mwake, naye akalala njaa.

Watu wa Katanga wanao mfano wa karibu. Mwaka 1952 Hugh Tracey, aliyezunguka Afrika akikusanya nyimbo, alimsikia Mwenda Jean Bosco akipiga gita huko Jadotville, ndiyo Likasi ya leo, akamtia katika santuri. Nyimbo za mtu huyo zilifika mbali kuliko alivyoweza kufika kwa miguu. Wimbo hauna uzito, hauwekwi ghalani, wala hauliwi na panya; lakini hakuna aliyemsikia Mwenda akasema kwamba vidole vyake havikufanya kazi. Sasa achukuliwe mpigaji gita wa leo, jirani wa mtaa, aliyelipa studio kwa fedha zake ili atoe nyimbo sita. Kesho yake mwingine azinakili katika flashi na kuziuza njiani kwa bei ya andazi. Gita la mwanamuziki lingali ukutani, wimbo ungali kichwani mwake, na chungu chake ni kitupu. Hapo hata asiyejua kusoma huona kwamba kimetendeka kisichokuwa haki. Nchi nayo imeliona: sheria ya tarehe 5 Aprili 1986 huzilinda haki za watunzi, wala haiwaachi kazi zao zichukuliwe kama maji ya mto.

Basi, je, kijana wa Kalebuka amehukumiwa? Hapana, bado. Wako wanaopenda kutoa hukumu kali ili waonekane wacha Mungu, nao hukosea kama walegevu wanavyokosea.

Katekisimu ya Eklezia Katoliki, iliyotolewa mwaka 1992, hueleza kwamba wizi ni kutwaa mali ya mwingine kinyume cha mapenzi ya haki ya mwenye mali. Neno la kuangalia ni hilo: mapenzi ya haki. Haitoshi kwamba mwenyewe hakuulizwa. Mtoto achumaye embe lililoangukia njiani hakumwuliza mwenye mwembe, lakini kila mtu ajua kwamba mwenye mwembe hatakasirika. Na kama angekasirika kwa embe lililokwisha anza kuoza, watu wangemcheka. Katekisimu yafundisha wazi kwamba ridhaa ya mwenyewe ikiweza kudhaniwa kwa kweli, hakuna wizi.

Yapo basi mambo ya kutenganisha. Aliyenunua diski ya mchezo kwa fedha yake, kisha akautia mchezo uleule katika diski ya nje kwa sababu jicho la mashine limechoka, hamnyang'anyi mtu. Afanana na mtu anayenakili kwa mkono kitabu chake cha sala kwa kuogopa mchwa. Aliyeupata mchezo wa kale ambao kiwanda hakiuzi tena mahali popote, naye aucheza nyumbani na ndugu zake, si rahisi kusema amemwibia nani. Michezo ya mwisho ya mpira kwa mashine hiyo ilitoka mwaka 2013. Anayetaka kuununua leo kwa kiwanda chenyewe atarudi na fedha yake mfukoni. Hata hivyo yafaa kuwa mwangalifu, maana michezo mingine ya kale hurudishwa sokoni kwa ajili ya mashine mpya, na mwenyewe bado hupata riziki kwayo. Neno “ni wa zamani” si funguo ya kila mlango. Na aliyenakili mchezo mpya unaouzwa leo, kisha akauza nakala kumi, huyo ajua afanyalo, wala hahitaji mwalimu kumweleza.

Lipo jibu jingine linalosikika sana katika nchi ya shaba. Watu husema: “Wao walichukua shaba yetu. Tangu mwaka 1906, Union Minière ilipoanzishwa, treni zilijaa mali ya ardhi yetu zikaenda. Leo wachukua kobalti. Mchezo mmoja wa picha ni nini mbele ya hayo?” Neno hilo halifai kudharauliwa. Wako wazee waliochimba maisha yao yote na kuzikwa bila bati juu ya nyumba zao, na Eklezia haiwezi kuhubiri amri ya saba kwa mwenye chumba cha michezo ikanyamaza mbele ya mwenye mgodi. Mshahara wa mchimbaji nao hupiga kelele. Lakini mtu anayedaiwa shaba si yule aliyechora mchezo. Mchoraji wa Japani hakuja na treni. Mwenye deni hatafutwi kwa kufumba macho na kumshika yeyote apitaye njiani. Na aliyeumizwa na tajiri, kisha akajilipa kwa jasho la mfanyakazi mwingine, ameongeza mtu wa pili wa kulia.

Umaskini nao hudaiwa kuwa udhuru. Mtakatifu Thoma wa Akwino alifundisha kwamba mtu aliye katika hatari ya kufa, akitwaa mkate wa mwingine ili aishi, haibi, kwa kuwa Mungu aliumba mali za dunia kwa ajili ya wote. Hiyo ni kweli ya mkate. Mchezo si mkate, na hakuna aliyekufa kwa kukosa mpira wa picha. Lakini chumba kile ndicho mkate wa mama auzaye mboga! Ndiyo sababu ulizo la kijana ni zito, nalo lastahili jibu lililopimwa.

Katika karne za kwanza Eklezia ilikutana na mambo ya namna hiyo. Kitabu cha kale kiitwacho Mapokeo ya Mitume hueleza kazi ambazo mtu alipaswa kuziacha kabla ya kupokewa kwa mafundisho: kuchonga sanamu za miungu, kupigana na kuua uwanjani mbele ya watazamaji, na nyingine. Lakini juu ya mwalimu aliyefundisha watoto elimu ya kipagani, kitabu hicho hutoa shauri la upole: ingekuwa vizuri aache, lakini kama hana kazi nyingine, aruhusiwe. Wazee wale walijua kutofautisha kazi iliyo mbaya yenyewe na kazi iliyochanganyika na ubaya.

Chumba cha michezo kimechanganyika. Mtoto anayelipa hanunui mchezo. Analipa benchi, umeme, televisheni iliyonunuliwa kwa shida, na macho ya kijana anayezuia watoto wasipigane. Hayo ni matunda ya kazi yake mwenyewe, na hapaswi kuyarudisha kwa mtu yeyote. Lakini sehemu moja ya faida yatoka katika kazi ya wengine ambao hawakulipwa kitu, na hapo haifai kufumba macho. Ubatizo huosha dhambi zote. Haufuti deni la haki kwa jirani. Zakayo, Yezu alipoingia nyumbani mwake, hakusema tu kwamba anasikitika, alizihesabu fedha.

Kwa hiyo mwalimu hakumwambia kijana afunge mlango. Alimwambia atenganishe michezo yake. Nakala za michezo inayouzwa hata sasa aziondoe, asizitumie kwa faida wala asiwagawie wengine kwa fedha. Nyimbo za wanamuziki wa Lubumbashi zinazopigwa humo ili kuvuta watu, ama azinunue kwao wenyewe, ama azinyamazishe. Kwa mchezo wa mpira unaowaleta watoto wengi, anunue sokoni diski ya kweli iliyotumika, hata ikiwa imechubuka na haisomeki, kisha nakala yake ikae karibu nayo. Na kwa yaliyopita, kwa kuwa mwenye haki yu mbali na hesabu haijulikani, atoe kitu kwa maskini kadiri ya faida aliyoipata, pasipo kuwanyima wadogo wake shule.

Kijana alifurahi, akataka kuketi. Mwalimu akamzuia.

“Ngoja, mwanangu. Watoto wanaokuletea faranga wanazipata wapi?”

Kijana akasema hajui.

“Saa nne asubuhi, siku ya Jumanne, ni watoto gani wanaokaa katika mabenchi yako?”

Kijana hakujibu. Katika darasa lile walikuwamo akina mama watatu, na mmoja wao alikuwa amepoteza mara mbili fedha ya shule iliyofungwa katika pembe ya kitambaa chake. Mwalimu akaeleza kwamba mtu anayepokea kitu, akishuku kwamba kimeibwa, naye akakataa kuuliza, hushiriki wizi ule. Na hapo mwenye kuibiwa hakai Japani, akaa nyumba ya tatu. Akawatajia Mtakatifu Carlo Acutis, kijana aliyefariki Italia mwaka 2006 akiwa na miaka 15, na kutangazwa mtakatifu tarehe 7 Septemba 2025. Naye alikuwa na PlayStation, aliipenda, akajiwekea saa moja tu kwa juma.

Juma lililofuata mlango wa chumba kile cha Kalebuka ulikuwa na kipande cha ubao kilichoandikwa kwa chaki: hakuna kucheza kabla ya saa nane, isipokuwa Jumamosi.