Sulhu ya Cheki Hewa

Nauza mabati na saruji Mwembe Tayari, Mombasa, na katika kazi hii cheki kurudi si habari ngeni. Swali linaloninyima usingizi ni hili: mtu akishanilipa, nina haki gani ya kuomba kesi yake ya jinai ifutwe?

Sheria ya Kenya inaniruhusu kuomba. Hundi hewa, chini ya kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu, ina faini isiyozidi shilingi 50,000, au kifungo kisichozidi mwaka mmoja, au vyote viwili. Kifungu cha 176 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai kinamruhusu hakimu kuhimiza suluhu katika makosa madogo ya watu binafsi, kwa fidia au masharti atakayoyaridhia. Hata Katiba ya 2010, ibara ya 159, inazitaka mahakama zikuze upatanisho. Ila shtaka ni la Jamhuri, nami ni mlalamishi tu.

Fundi mmoja alichukua mabati kwangu, akaniandikia cheki ya tarehe ya mwisho wa mwezi. Sote wawili tulijua siku ile benki hana kitu. Alikuwa akingoja kulipwa jengo alilokwisha kulikabidhi. Malipo hayakuja, cheki ikarudi. Jirani yangu wa biashara akaniambia, "Mshike Ijumaa jioni, Mzee. Jumamosi mkewe atauza hata friji."

Alijua asemalo. Mshukiwa hufikishwa kortini ndani ya saa 24, lakini zikiishia wikendi hungojwa siku ya korti inayofuata. Wa Ijumaa hulala ndani mpaka Jumatatu. Nimewahi kumwona mtu akitia sahihi maafikiano ya kulipa deni kwenye kaunta ya kituo cha polisi, miguu mitupu, mshipi umevuliwa, suruali ameishika kwa mkono wa kushoto ili aandike kwa wa kulia. Alikubali kila tarakimu aliyosomewa. Yeye na mdai wake wakaitana ndugu, wakapeana mikono. Mimi siwezi kuiita ile sulhu. Sulhu inataka ridhaa, na mtu anayewaza atalala wapi usiku huo hana ridhaa ya kutoa.

Surat al-Baqara, aya ya 280, inamtaka mdai ampe muhula mdaiwa aliye katika dhiki, na kumsamehe ikawa ni kheri zaidi. Aya mbili mbele yake, ile ndefu kuliko zote katika Qur'ani, inaagiza madeni yaandikwe na yashuhudiwe. Basi na sisi tuliandika, dukani, wazee wawili wakishuhudia: atalipa kila atakapopata kazi. Polisi sikwenda. Kifungu chenyewe cha 316A, kinapozungumzia akaunti isiyo na fedha za kutosha, kimeiacha nje cheki ya tarehe ya mbele, na naona ni haki. Ile ilikuwa ahadi iliyoshindikana, na nilipoipokea niliujua udhaifu wake.

Wa pili alikuwa mwingine kabisa. Alituandikia wafanyabiashara watatu cheki za akaunti aliyokwisha kuifunga, na akashtakiwa. Wazee wake walikuja na pesa zangu zote, na barua tayari ya kuomba shtaka liondolewe. Palibaki sahihi yangu tu. Wanavyuoni hutenga haki ya mja na haki ya Mwenyezi Mungu, ambayo ndiyo ya watu wote. Ya kwanza naweza kuisamehe hata bila senti. Lakini uongo ule ulimpata pia mama muuza mchele, ambaye hakuna mzee aliyekwenda kwake na bahasha.

Nilipokea pesa, nikaandika risiti kwamba simdai tena. Barua niliwarudishia, nikawaambia waanze kwa yule mama, kisha waende kwa wa tatu, halafu sote watatu twende kwa hakimu mchana, naye mdaiwa akiwa huru kwa dhamana, aseme mwenyewe amekubali nini. Mzee mmoja alikasirika, akasema nina moyo mgumu. Mpaka leo hatujaamkiana vizuri, na hilo linaniuma, kwa sababu tunaswali safu moja.